Kaburi Lililosubiri Ndege

Jumamosi, 26 Mei 1979

Redio ilitangaza asubuhi nikinyoa ndevu. Jana ndege aina ya DC-10 ilianguka Chicago, Marekani, mara tu ilipoacha ardhi. Injini ya bawa la kushoto iling'oka. Hakuna abiria aliyepona, na waliokufa ni zaidi ya mia mbili na sabini. Nilisimama mbele ya kioo mpaka povu likanikauka usoni.

Kwenye uwanja wa ndege wa Embakasi hatukuwa na habari nyingine. Sisi wapakiaji tunaijua ndege hiyo kwa tumbo lake, maana kazi yetu ni kulijaza mizigo na kuitoa. Tunaiita Mafiga kwa kuwa ina injini tatu, moja chini ya kila bawa na ya tatu juu mkiani. Muturi, msimamizi wa zamu yetu, alikataa katakata.

"Ati imeng'oka? Kama jino?"

"Ndivyo walivyosema."

"Nani? Redio? Shitanda, hiyo injini inashikwa na bolti kama mkono yangu hii. Hiyo ni bomu."

"Hawakusema bomu."

"Basi ngoja, watasema kesho."

Jioni Mama alinisubiri mlangoni. Hapa mtaani Kaloleni habari hupita kwenye mifereji ya maji kabla hazijafika magazetini.

"Ni ile iliyomchukua baba yako?"

Nilimweleza kwamba ni aina ile, lakini si ndege ile yenyewe.

"Aina ni nini? Ng'ombe mwenye wazimu akizaa, ndama ni wa nani?"

Baba, Mzee Mulama, yuko Ulaya tangu Aprili. Wamisionari wa kanisa letu walimpeleka kupasuliwa moyo. Alisafiri na Mafiga. Siku ile niliomba zamu nipakie mzigo wake mwenyewe, sanduku la bati alilolitengeneza alipokuwa karakana ya reli, na mlango wa shehena niliufunga kwa mkono wangu. Aliniona kutoka dirishani. Hakunipungia mkono; aliinua kidole gumba, kama fundi anayekagua kazi ya mwenzake.

Jumapili, 27 Mei

Kanisani. Mvua. Tulimwombea Baba, na Mama akaongeza sala ya "injini zote zikae mahali pake." Jecinta, mke wangu, alinifinya nisicheke.

Jumatatu, 28 Mei

Gazeti limetoa picha. Mtu aliipiga ndege ikiwa hewani, imelala ubavu, bawa moja likielekea ardhini na jingine angani. Panapopaswa kuwa na injini hapana kitu. Muturi aliitazama kwa muda mrefu. Hakutaja bomu tena. Alilikunja gazeti akalikalia mpaka saa ya chai.

Jumanne, 29 Mei

Leo Muturi ametukusanya, akaturudishia mafunzo ya mlango, ingawa waliokufa safari hii hawakuuawa na mlango. Nadhani alitaka tu kushika kitu anachokijua.

Nayaandika hapa kwa sababu sijawahi kuyaandika. Mafiga iliingia kazini mwaka 1971. Watengenezaji walikuwa wakikimbizana na wenzao waliokuwa na ndege inayofanana nayo, ya injini tatu pia. Mlango wake wa shehena hufunguka kwenda nje, ili mizigo ipate nafasi zaidi ndani. Maana yake ni kwamba hewa ya ndani daima inausukuma utoke. Mwaka 1972, huko Amerika Kaskazini, mpakiaji alikuta mpini wa mlango haushuki, akausukuma kwa goti. Ukashuka. Mlango ulipasuka angani, na rubani alitua kwa ustadi mtupu. Miaka miwili baadaye, nje ya Paris, mlango wa namna hiyohiyo uliondoka, sakafu ikadidimia, nyaya za usukani zikakatika. Watu mia tatu na arobaini na sita walikufa. Vidole vya kwanza vilimwelekea mpakiaji, mtu kama mimi, mhamiaji asiyejua lugha iliyoandikwa mlangoni. Uchunguzi ulikuja kusema ubaya ulikuwa kwenye mlango wenyewe. Tangu hapo milango imebadilishwa, na sisi tumefundishwa: usisukume kwa goti, na usiondoke kabla ya kuchungulia kwenye kidirisha kuona kama kufuli limeingia.

"Mlango tulipona," akasema Muturi. "Sasa ni mabawa. Kesho itakuwa nini, viti?"

Alhamisi, 31 Mei

Simu ya maandishi imefika kwa mchungaji. Baba amefariki Jumanne. Upasuaji ulikwenda vizuri, wanasema. Alikuwa ameketi kitandani akinywa supu.

Ijumaa, 1 Juni

Sikukuu ya Madaraka. Nyumba imejaa watu, na viti vimeazimwa kutoka ukumbi wa jamii. Mama hajalia. Amekaa kwenye mkeka ameunyoosha mguu mmoja, anauliza kila anayeingia kama amekula.

Baba Mdogo Johnson amepiga simu kutoka duka la Khayega, soko la karibu na kijijini kwetu. Yeye ndiye ndugu wa pekee wa Baba aliyebaki nyumbani kijijini, Shinyalu. Mwaka juzi walikosana kwa ajili ya mkaratusi ulioota mpakani. Kila mmoja alidai mizizi iko kwake. Tangu hapo hawakusemezana. Baba aliposafiri, Johnson hakuja hata kumuaga. Leo sauti yake kwenye simu ilikuwa ya mtu anayetoa amri: mwili unafika lini, nani analeta nini, kaburi litakaa upande gani wa nyumba. Nilimjibu kwa kifupi. Nilijua anataka kuonekana mkubwa wa boma.

Jumamosi, 2 Juni

Mchungaji ameleta mpango. Rafiki wa kanisa kule Ulaya amepata nafasi ya bure ya kusafirisha jeneza. Litafika Alhamisi ijayo asubuhi, tutalichukua moja kwa moja hadi Shinyalu, tuzike Ijumaa. Ndege ni Mafiga.

"Sitaki," akasema Mama.

"Mama, ndiyo tuliyopewa."

"Ndege iliyomwaga watu kama mahindi ndiyo imlete mume wangu?"

"Zinakaguliwa zote. Na Baba hawezi kufa mara mbili."

Jecinta alinitazama kana kwamba nimempiga mtu kofi. Mama akasema, "Basi mwambie rubani aende polepole."

Jumatatu, 4 Juni

Mvua. Baridi ya mwezi wa sita imeingia.

Jumatano, 6 Juni

Johnson amepiga simu. Wameanza kuchimba jana na wamemaliza leo. Kwetu kaburi huchimbwa siku ya kuamkia mazishi, lakini boma letu limekaa juu ya mwamba, na Johnson alihofia kukuta jiwe dakika ya mwisho. Kweli alilikuta. Alilipasua kwa moto na maji, kama wazee walivyofanya zamani. Alijisifu sana. "Kaka yangu amepata shimo safi, kuta zake kama za nyumba ya mzungu."

Alhamisi, 7 Juni

Sijui nianzie wapi.

Tulifika Embakasi alfajiri kwa pikapu ya kanisa, mimi na mchungaji na Mama, Mama amevaa gauni jeusi aliloazima. Nilikuwa mapumzikoni lakini niliingia ndani kwa kitambulisho changu cha kazi. Muturi alikuwa amesimama uwanjani, mikono mfukoni. Nyuma yake palikuwa na Mafiga moja iliyotua jana, milango imefungwa, hakuna gari lililoikaribia.

"Shitanda, haikuji."

"Imechelewa?"

"Haikuji. Jana Wamarekani wamefuta cheti. DC-10 zote, dunia nzima, zishuke zikae. Hata hii hapa haiondoki. Abiria wamepelekwa hoteli na mizigo yao tumewarudishia."

"Cheti cha ndege moja?"

"Cha aina yote, bana! Kama kusema kuku wote wa dunia si kuku tena."

Nilicheka. Naona aibu kuandika hivyo, lakini nilicheka, kwa sababu sikuwahi kusikia jambo kama hilo. Ndege inaweza kuharibika. Aina nzima ya ndege itaachaje kuwa ndege asubuhi moja?

Nilipomweleza Mama ndani ya pikapu, hakuuliza habari za ndege. Aliuliza, "Kaburi limekwisha kuchimbwa?"

"Tangu jana."

Akavua kitambaa cha kichwa. Kisha akalia kwa mara ya kwanza, kwa sauti iliyowafanya madereva wa teksi wageuke. Mchungaji alidhani analilia mwili. Mimi nilijua analilia shimo.

Ijumaa, 8 Juni

Nimempigia Johnson kutoka ofisi ya zamu. Alikuwa akisubiri dukani Khayega.

"Mwana wa ndugu yangu, kaburi liko wazi."

"Najua, Baba."

"Halilali wazi. Likilala wazi linaita mtu mwingine. Wewe umesoma, lakini hili unalijua."

Nalijua. Kwetu shimo lililochimbwa kwa jina la mtu halifukiwi tupu. Mwili usipopatikana, hukatwa mgomba wa urefu wa mtu, ukavikwa nguo zake, ukazikwa kwa heshima zote. Na mwana wa kwanza ndiye hutupa udongo wa kwanza. Bila yeye hakuna anayegusa koleo. Mwana wa kwanza ni mimi.

"Njoo leo na shati lake moja," akasema Johnson. "Tuweke mgomba, tulale."

"Na mwili ukifika?"

"Mtu hazikwi mara mbili. Tutamtafutia mahali nje ya boma."

Nilimwambia asubiri. Ndege zitaruhusiwa siku chache zijazo.

Jumamosi, 9 Juni

Mama hataki hata kusikia neno mgomba. "Nimeishi na mtu, nizike mti? Halafu yeye mwenyewe alale nje ya ua kama mwizi? Johnson alimnyima mkaratusi, sasa anamnyima na kaburi."

Nilikubaliana naye kabisa. Nimeandika hivyo ili nikumbuke.

Jumatatu, 11 Juni

Nimekwenda ofisi ya kampuni ya ndege iliyolibeba jukumu la jeneza. Karani ni mpole. Ndege nyingine zimejaa abiria waliokwama, na mizigo ya bure inasubiri mwisho. Akaniambia pole mara nyingi. Nilipotoka nilielewa: cha bure hakina nafasi kwenye foleni.

Mvua imenyesha mchana kutwa.

Jumatano, 13 Juni

Mafiga iliyokwama hapa inakaguliwa. Wametumwa mafundi wawili wa Ulaya. Nilipangwa kuwasogezea ngazi, nikapanda nao mpaka kwenye mkono unaoshikilia injini chini ya bawa. Wameondoa kifuniko. Ndani mna vyuma na bolti, kweli kama alivyosema Muturi, nene kama mkono. Fundi mmoja alizipitishia taa na kioo kidogo, chuma kwa chuma, kwa saa nyingi. Hakukuta ufa.

Aliniambia wanachofikiri kilitokea Chicago. Kitabu cha kazi kinataka injini ishushwe kwanza, halafu mkono wake, kila kimoja peke yake. Ni kazi ndefu. Waliokuwa wakiitunza ndege ile waliona njia ya mkato: wakavishusha vyote pamoja kwa foklifti, gari la kunyanyulia mizigo, na kuvirudisha pamoja. Foklifti ikisogea kidogo tu, chuma cha juu kinabanwa na kupasuka ufa usioonekana. Ndege iliruka na ufa huo wiki nyingi, abiria wakila na kulala juu yake.

Mimi huendesha foklifti kila siku.

Alhamisi, 14 Juni

Johnson tena. Anakohoa kwenye simu.

"Shitanda, njoo tuweke mgomba."

"Baba, wamekagua iliyo hapa, ni nzima. Nimeona kwa macho. Subiri mpaka Jumatatu."

"Jumatatu."

"Ndiyo. Au kama unaona vigumu, weka mbao juu, ufunike."

"Unafunika chungu, hufuniki kaburi." Akakohoa. Nilitarajia matusi. Badala yake akasema taratibu, "Sawa. Wewe ndiye mwana. Ukisema tungoje, tunangoja."

Sikuuzoea unyenyekevu wake. Nilimwambia Jecinta kwamba lazima ana hila.

Jumamosi, 16 Juni

Nasike amefika bila taarifa. Ni binti wa kwanza wa Johnson. Alikuja na basi la usiku, viatu vimejaa tope jekundu la nyumbani. Anatafuta dawa ya kifua, ile ya kule zahanati imekwisha. Mama alimpa chai, akamuuliza kama kikohozi cha baba yake ni cha sigara.

"Ni cha kaburi," akasema Nasike.

Tukamtazama.

"Hamjui? Hajawaambia?" Akaweka kikombe chini. "Tangu siku ile ndege haikuja, Baba hajalala ndani. Anakaa kaburini. Alisema halitalala tupu maadamu yeye yupo. Amelijengea paa la majani ya mgomba ili maji yasiingie, na yeye anakaa na gunia mabegani. Mchana anakwenda simu, anarudi. Chakula tunampelekea. Wajomba walitaka wapokezane, akawafukuza. Aliwaambia, 'Huyu ni ndugu yangu, nyinyi mnamjua wapi?'"

"Na mvua hii?" akauliza Mama.

"Na mvua hii, Mama Mkubwa."

"Lakini hawakusemezana."

"Sasa wanasemezana. Baba anazungumza kutwa. Tunamsikia kutoka jikoni. Anamweleza habari za mkaratusi, eti aliukata mwezi wa nne ili Baba Mkubwa akirudi akute mpaka mweupe. Alitaka iwe mshangao."

Jecinta aliinuka akaanza kufua sweta langu la sufu, ambalo lilikuwa safi, kisha akakumbuka halitakauka, akalikamua na kulikamua.

Nimejaribu kulala, siwezi. Kila niliposema "subiri" kwenye simu ile, nilikuwa na paa juu ya kichwa changu.

Jumapili, 17 Juni

Hatukwenda kanisani. Mama alitoa shati la Baba la reli, la buluu, akalipiga pasi mara mbili.

"Nenda ukaweke mgomba."

"Mama, ulisema..."

"Najua nilivyosema. Nilifikiri ninagombana na mtu anayetaka kumtoa mume wangu nje. Kumbe tunagombana na mtu aliyekaa naye. Nenda. Mulama akija tutamlaza hata kwenye shamba la viazi. Yeye atanisamehe, huyu mwingine anakufa."

Jumatatu, 18 Juni

Nimeomba ruhusa. Muturi ametoa bila kuuliza. Kisha akauliza.

"Ati mnazika mgomba?"

"Ndiyo."

"Sisi kwetu zamani maiti hatungeigusa hata kwa fimbo. Nyinyi mnakaa nayo, mnaiimbia, na ikikosekana mnatengeneza ingine." Alitikisa kichwa. "Nyinyi watu mnapenda watu."

Nimekata tikiti mbili za kesho jioni, yangu na ya Nasike.

Jumanne, 19 Juni

Nchi za Ulaya zimeziruhusu ndege zao za DC-10 zirudi angani leo. Wamarekani bado wamezizuia kwao. Ile iliyokwama hapa inaanza kutiwa mafuta. Karani wa kampuni amenipigia mwenyewe, kwa furaha: jeneza la Mzee Mulama liko kwenye ndege ya Alhamisi asubuhi.

Nilisimama na shati la buluu kwenye mfuko wa karatasi. Nikienda leo na kuzika mgomba kesho, keshokutwa Baba anatua, na hana mahali. Nikibaki, ni kesho moja tu ya kungoja. Nilimuuliza Mama. Akasema, "Wewe ndiye mwana," maneno yaleyale ya Johnson.

Nilimsindikiza Nasike kituoni. Nilimpa dawa, sweta langu, blanketi zito la Mama, na ujumbe: ndege inakuja, atoke shimoni, hata jirani akae kwa zamu.

"Hatatoka," akasema Nasike akipanda.

"Mwambie nimemwamuru."

"Kaka, amri zako ndizo zilizomweka mle."

Basi likaondoka.

Jumatano, 20 Juni

Nimepiga simu Khayega saa ya kawaida. Mwenye duka anasema Johnson hakuja leo.

Alhamisi, 21 Juni

Imetua. Niliiona ikitoka mawinguni, injini mbili na ile ya mkiani. Kila mpakiaji uwanjani alikuwa akihesabu zile injini; niliona midomo yao.

Mlango wa shehena niliufungua mimi. Muturi alikuwa amenikataza kwa kuwa mfiwa hafanyi kazi, nami nilimkatalia. Jeneza lilikuwa ndani ya kasha la mbao jeupe lenye mishale inayoonyesha juu ni wapi. Lilikuwa zito, kwa ndani kuna bati. Foklifti ilikuja. Niliitazama ile foklifti, nikatikisa kichwa. Wenzangu wakaelewa. Tulilishusha kwa mikono na mabega. Muturi, ambaye hata nzi aliyekufa hamgusi, aliingia chini ya pembe ya kichwani, upande wangu, akaita hatua: "Moja. Simama. Moja. Simama."

Tulipoliweka kwenye kitoroli, nilijisikia mwepesi. Nilisema, kwa sauti, "Sasa Baba Mdogo akalale."

Muturi alivua kofia. Nilidhani ni kwa ajili ya Baba.

"Shitanda, yule dada yako alipiga simu ofisini wakati ndege inatua. Nilinyamaza. Nilitaka ushushe baba yako kwanza, na nguvu zako zote."

"Nasike? Amesema nini?"

"Alifika nyumbani jana asubuhi. Yule mzee alikuwa amekaa tu, kichwa kwenye ukuta. Dawa alikunywa kijiko moja. Amekufa jana saa ya mchana."

Nilisikia kila neno na sikulielewa hata moja. Nilimuuliza, "Mzee gani?" Muturi alirudia, akataja jina. Nikauliza tena, "Mzee gani?"

Mvua nyepesi ilianza kunyesha juu ya kasha. Muturi alivua koti lake la kazi akalifunika.

Jumamosi, 23 Juni. Shinyalu

Naandika nikiwa nyumbani kwa marehemu wote wawili.

Tulifika jana jioni. Mwili wa Johnson ulikuwa umelazwa sebuleni kwake, wetu tukauingiza kwa Baba. Kati ya nyumba hizo mbili, pale ulipokuwa mkaratusi, kuna kisiki kipya. Kaburi lilikuwa na mtu: wajomba walikuwa wakipokezana kukaa kando yake, hakuna aliyewaambia.

Leo asubuhi wazee waligombana. Mmoja akasema kaburi lilichimbwa kwa jina la Mulama, lazima aingie Mulama. Mwingine akasema limekwisha kuchukua mtu wake, Mulama akiingia litataka wa tatu. Mwingine akasema mdogo hawezi kulala kwenye kaburi la mkubwa, ni sawa na kumvalia viatu. Sauti zilipanda. Mchungaji alifungua Biblia, hakujua afungue wapi.

Mama akasimama. Wanawake hawasemi katika baraza hilo, na yeye si mzaliwa wa hapa.

"Nyamazeni. Mnauliza nyumba ni ya nani, na kuna mtu amekwisha kulala humo. Johnson ndiye mwenye nyumba. Mulama ni mgeni, amefika juzi na ndege. Mgeni hujengewa. Chimbeni lingine hapa kando, sasa hivi, na jua lisizame kabla halijafukiwa."

Walichimba vijana wote wa kijiji kwa pamoja, na Mungu akawahurumia, hawakukuta mwamba.

Nilitakiwa niangalie kama kaburi la kwanza liko tayari. Majani ya paa yalikuwa yameondolewa. Sote tulikuwa tumeambiwa Johnson alikaa kaburini, na mimi nilielewa kwamba ni kando ya kaburi, kama mtu akaavyo kando ya moto. Nilipochungulia, niliona ukutani ngazi ndogo za miguu. Na upande wa kichwani, palipo na udongo mwekundu mgumu, alikuwa amechonga kiti. Alikichonga kwa jembe, akakipa mahali pa kuegemea, akatandika gunia. Alikuwa akikaa mle ndani, chini ya ardhi, mahali pa maiti.

Nasike alisimama karibu nami. "Nilijua anashuka akisikia baridi," akasema. "Kiti sikukijua."

Jeneza lisingepita pale kilipotokeza. Kijana mmoja akashika jembe ashuke, nikamwambia aniachie. Nilishuka kwa zile ngazi. Juu watu walikuwa wakiimba, lakini mle chini wimbo ulifika kama unaimbwa kijiji kingine. Niligusa kiti. Udongo wake ulikuwa laini, umeng'aa kama sakafu iliyopakwa samadi, na kwenye mahali pa kuegemea palikuwa na shimo dogo la kisogo cha mtu.

"Shitanda, fanya haraka!" mjomba akaita.

Nilikata kwanza mahali pa miguu, kisha mahali pa kukalia. Pale pa kisogo nilipaacha. Hapakuwa pakizuia kitu.

Kisha wakanivuta juu, wakamshusha Baba Mdogo, wakanipa udongo, nikatupa.